Nani Anaendesha? Tafakuri juu ya Gari Lisilo na Dereva katika Filamu

Kwa msemaji wa Kiswahili aliyekulia Muleba, kama nilivyokulia mimi, filamu ya gari linalojiendesha si burudani tu, bali pia ni mtihani wa upatanisho wa kisarufi. Katika Kihaya, embwa na emotoka zimo katika ngeli moja na huchukua viambishi vile vile. Sarufi haimtengi mnyama na mtambo. Kiswahili, kwa upande wake, hudai uamuzi: mbwa amesimama, gari limesimama. Uhai hushinda umbo la nomino. Je, gari likionekana kuwa na akili, tuseme nini?

Swali hili lilinijia katika mabanda ya video ya Bukoba miaka ya 1990, ambamo kanda za Kiingereza zilisimuliwa kwa Kiswahili, sanaa iliyompatia sifa Derek Gaspar Mukandala, aliyejulikana kama Lufufu. Gari lilipoegeshwa, msimulizi alisema "limesimama". Lilipokaidi amri ya mwenyewe, alisema "amekataa". Hakuwa amekosea. Alipatanisha kitenzi na kile alichokiona kwenye kioo.

Lakini alichokiona kilikuwa kimetengenezwa. Katika The Love Bug (1968) na tamthilia ya televisheni ya Knight Rider (1982–1986), gari liliendeshwa na dereva aliyefichwa. Katika Christine (1983), mitambo iliuvuta mwili wa gari ukabonyea, kisha picha zikaonyeshwa kinyumenyume, gari likaonekana kujiponya. Kufikia Minority Report (2002), kompyuta ndiyo iliyochora msururu wa magari. Mbinu zilibadilika, lakini lengo lilibaki lile lile: kumwondoa mtenda machoni.

Yamkini hivyo ndivyo kifanyavyo kiambishi -ji- kikitumiwa kwa kitu kisicho na uhai. Tukisema "mlango umejifunga", hatudai kwamba mlango una nia. Twasema tu kuwa aliyeufunga hatukumwona. Vivyo hivyo, "gari linajiendesha" ni kauli ya mtazamaji, wala si kauli ya mchunguzi.

Tofauti hiyo ilidhihirika Machi 2018 mjini Tempe, Arizona, gari la majaribio lilipomgonga na kumuua mwanamke aliyekuwa akivuka barabara huku akikokota baiskeli. Uchunguzi ulibaini kwamba programu ilimwainisha mara kama kitu kisichojulikana, mara kama gari, mara kama baiskeli. Kwa lugha yetu, ilishindwa kumpatia ngeli. Ndani ya gari alikuwamo msimamizi ambaye hakuwa akitazama barabara. Na nyuma ya programu walikuwapo waliouzima mfumo wa breki za dharura uliokuja na gari hilo. Watenda walikuwapo, ingawa hawakuonekana.

Basi napendekeza kwa wenzangu wanaounda istilahi kwamba "gari linalojiendesha" tuwaachie wasimulizi, ambao kazi yao ni kuustawisha udanganyifu mzuri. Katika sheria na taaluma tuseme "gari linaloendeshwa na programu". Kauli ya kutendwa ina nafasi ya mtenda baada ya kihusishi "na". Na panapokuwa na nafasi hiyo, msomaji ataweza kuuliza: programu ya nani?