Pingili Moja ya Mgongo wa Mama

Watu wengi hudhani kuwa wanadamu wote tuna mifupa ya umbo moja na hesabu moja. Sivyo. Katika somo la Baiolojia tumefundishwa kuwa uti wa mgongo una pingili 7 za shingo, 12 za kifua na 5 za kiuno; chini yake pana pingili 5 zilizoshikana kuwa mfupa mmoja mpana ulio baina ya nyonga mbili, na mwisho kifupa cha mkia. Hesabu hiyo ni ya walio wengi, wala si ya wote. Mama yangu mzazi ana pingili isiyofuata desturi hiyo, nami napenda kuwaeleza wasomaji habari zake, kwani nusura zinitoe shuleni.

Kwetu ni katika mteremko wa milima ya Uluguru, juu ya mji wa Morogoro, upande wa njia iendayo Morning Side. Mashamba yetu yamesimama kama ukuta, na kila kinachovunwa hakina budi kuteremshwa. Alfajiri wanawake hutia ngata kichwani, wakajitwika matenga ya ndizi na mboga, wakashuka kwa miguu mpaka sokoni. Mama alifanya kazi hiyo tangu hajaolewa. Ni kweli kwamba ada ya shule za sekondari za Serikali iliondolewa tangu mwaka 2016, lakini sare, madaftari, sabuni na godoro langu la bweni vyote vilitoka katika tenga lile.

Mwaka jana, baada ya mvua za masika, kiuno kilianza kumwuma chini kabisa, upande wa kushoto karibu na nyonga. Akiinama kupalilia, kuinuka kwake kulikuwa kwa kushikilia mpini wa jembe. Majirani walisema yao. Mmoja alisema ni uvivu. Mwingine alisema ametupiwa jambo. Wahenga walinena kweli: kitanda usichokilalia hujui kunguni wake. Kisha akapigwa picha ya eksirei, na aliyempa majibu alimwambia maneno machache tu: "Mgongo wako umeungana na mfupa wa chini." Hakueleza zaidi.

Maneno hayo yalimdhuru kuliko maumivu yenyewe. Mama alidhani mifupa inaendelea kuungana, na kwamba siku moja mgongo wote utakuwa kama gogo. Akaacha shamba, akaacha soko, akawa mtu wa kulala. Mjomba, ambaye kwetu Waluguru ana neno kubwa katika mambo ya ukoo wa mama, akashauri shamba apewe mtu mwingine alilime, nami nikae nyumbani nimwuguze. Kabla shauri halijakatwa, mama alipata nafasi ya kuonana na daktari wa mifupa. Ilikuwa wakati wa likizo, basi tukaenda sote watatu.

Daktari aliweka picha penye mwanga, akahesabu pingili moja moja kwa kalamu. Alipofika ya mwisho ya kiuno, alituonyesha bawa lake la kushoto. Lilikuwa pana kuliko la kulia, nalo limeshuka likagusana na ule mfupa mpana wa chini.

"Mama," akasema, "hili umezaliwa nalo. Haliongezeki, wala mgongo wako hautageuka gogo."

Mama akauliza, "Basi, daktari, mbona miaka yote hiyo halikuniuma?"

Daktari alifurahi kwa swali hilo. Alisema kuwa pingili za namna hii ni za mpito: ama ya mwisho ya kiuno imeshikana na mfupa wa chini, ama ya kwanza ya mfupa wa chini imejitenga ikawa kama ya kiuno. Daktari Mwitalia, Mario Bertolotti, aliandika mwaka 1917 juu ya uhusiano wa umbo hilo na maumivu ya mgongo, na mpaka leo maumivu hayo huitwa kwa jina lake. Mwaka 1984 Castellvi na wenzake waliyagawa maumbo hayo mafungu manne. Watafiti wengine huyaona kwa watu 4 tu katika kila 100, wengine kwa zaidi ya 30, kwa kuwa hawapimi kwa namna moja. Na wengi wa watu hao hawaumwi kamwe.

Basi picha huonyesha umbo la mfupa, haionyeshi maumivu. Penye bawa lililogusana huweza kufanyika kiungo kisichocheza vema, kikasuguana na kuuma. Kwa kuwa pingili hiyo imefungwa, ile ya juu yake hubeba kazi zaidi, na gegedu lililo kati ya pingili hizo mbili huweza kuchakaa. Pengine hata upande usioungana ndio uumao. Na mara nyingine maumivu hutoka katika misuli tu, mfupa ukasingiziwa.

Dawa kubwa aliyoandikiwa mama haikuwa kulala. Aliambiwa atembee kila siku, afanye mazoezi ya kuimarisha misuli ya tumbo, mgongo na nyonga, na apunguze mzigo, kisha auongeze kidogo kidogo. Vidonge vya maumivu alipewa vya siku chache. Daktari alisema kuwa wachache huhitaji sindano mahali panapouma, na wachache zaidi hupasuliwa. Hapo mpasuaji hana budi kuhesabu pingili kwa uangalifu, maana mgonjwa wa namna hii huonekana ana pingili 4 za kiuno au 6, na kosa la hesabu huweza kumfanya apasue mahali pasipo penyewe.

Njiani mjomba hakusema neno mpaka tulipoanza kupanda mlima. Kisha akamwambia mama, "Dada, shamba ni lako. Mtoto arudi shule." Sasa mama hushuka na nusu tenga, na mikungu mizito huipeleka kwa bodaboda kutoka pale barabara inapofika. Siku za kupalilia sana kiuno bado humwuma. Ila hofu imekwisha.

Wazazi na wanafunzi wenzangu, nasema mawili. La kwanza, anayeumwa mgongo asiitwe mvivu. Asikilizwe, na akipewa majibu asiyoyaelewa aulize, kwani kuuliza si ujinga. La pili, yako maumivu yasiyongoja: yale yajayo pamoja na miguu kulegea, ganzi sehemu za siri, kushindwa kuzuia mkojo au kushindwa kukojoa, homa, au kukonda bila sababu, na yale yaliyoanza baada ya kuanguka vibaya. Huyo apelekwe hospitali siku ile ile. Huenda ni kifua kikuu cha mifupa au jambo jingine zito. Wengine na wainuke, watembee polepole, wala wasitishwe na jina la mfupa.

Mwanafunzi, Kidato cha III