Barua Kutoka Praha

Praha, Jumapili usiku

Dada Zaituni,

Shikamoo. Nimefika salama. Baridi ni kali lakini koti ulilonipa linanitosha. Mwambie mama nakula vizuri, kuna supu ya vitunguu saumu hapa ambayo angeipenda.

Sasa nisikilize. Unazikumbuka zile katuni za Tom na Jerry zenye sauti za ajabu, kila kishindo kinavuma kama mtu anapiga debe ndani ya kisima? Kaka alikuwa akitoka nje kuzungusha antena, akidhani televisheni imeharibika. Dada, zimetengenezwa hapa hapa Praha! Leo kutwa nimetembea kando ya mto Vltava nikimwaza aliyeziongoza, Gene Deitch.

Alizaliwa Chicago mwaka 1924. Ujanani alichora michoro ya ndege kiwandani, kisha akaingia kwenye katuni. Mwaka 1957 alianzisha Tom Terrific kwa ajili ya televisheni: mvulana mwenye kofia kama faneli, anayeweza kujigeuza kitu chochote, na mbwa wake mvivu. Pesa zilikuwa kidogo mno, kwa hiyo akawachora kwa mistari mitupu, hata rangi ndani hawana. Na bado wanachekesha! Hapo ndipo nilipoielewa kazi ya mwongozaji. Sekunde moja ya filamu ni picha 24, na yeye ndiye anayeamua paka aelee hewani kwa picha ngapi kabla hajagundua kwamba chini hakuna kitu. Zikizidi kidogo, kicheko kimeshapoa.

Alikuja Praha Oktoba 1959 kwa siku kumi tu. Mtayarishaji mmoja alikuwa amemwahidi kugharamia Munro, filamu yake ya mtoto wa miaka minne anayeandikishwa jeshini kwa makosa. Munro ikaja kuwa katuni fupi ya kwanza iliyotengenezwa nje ya Marekani kupata Oscar, mwaka 1961. Lakini studio ya hapa alikofanyia kazi ilikuwa na msimamizi wa kazi aitwaye Zdenka. Zile siku kumi hazikuisha, dada. Walioana mwaka 1964, na Deitch akaishi mji huu mpaka alipofariki Aprili 2020, ana miaka 95.

Wengi huzisema vibaya Tom na Jerry zake 13 za mwaka 1961 na 1962. Mimi nazitetea. Kila moja ilipewa kama dola 10,000, na wachoraji wa hapa hawakukua na paka yule wala panya yule. Walionyeshwa filamu chache tu za zamani, wakaanza kazi. Tena ilikuwa enzi ya vita baridi, majina yao yakageuzwa kwenye filamu yasomeke kama ya Kiingereza. Mtunzi wa muziki, Štěpán Koníček, akaandikwa Steven Konichek. Jioni hii nimeusikiliza tena ule mwangwi wa katuni zile kwenye simu, nimekaa kwenye benchi karibu na daraja. Nikajiona niko sebuleni kwetu.

Nimewanunulia watoto Krtek, yule fuko mdogo wa Zdeněk Miler. Huku yuko kila duka.

Nisalimie wote. Na mwambie kaka antena haikuwa na kosa.

Mdogo wako,
Rehema