Uzima wa Masiwa: Safari ya Ngazija na Kisiwa Kilichobaki Nje

Ndege hutua Hahaya, kandokando ya bahari, na jambo la kwanza limkabililo mgeni ni weusi wa ardhi. Mawe yaliyotapikwa na mlima Karthala yameteremka hadi ufukweni, na juu yake watu wamejenga, wamepanda minazi na wamezika wazee wao. Njia ya kuelekea Moroni yapita Itsandra, mji ambao mwanafunzi wa madrasa za pwani yetu hana budi kuupita kwa adabu, kwani ndipo alipozaliwa mwaka 1861 Habib Ahmad bin Abubakar bin Sumeit, aliyekuja kuwa kadhi wa Unguja na mwalimu wa wanazuoni wengi. Kwa hivyo sikujihisi mgeni. Nalijiona kama mtu aendaye kuwazuru jamaa wa masheikh wake.

Mwenyeji wangu alinipokea nyumbani kwa mkewe. Nasema kwa mkewe kwa kuwa Ngazija nyumba ni ya mwanamke: hujengewa na watu wake, na mume ndiye ahamiaye. Asubuhi wanawake wa nyumba hiyo walikuwa wamejipaka nyuso liwa, ambayo wao huiita msindzano, na mazungumzo yao niliyafuata kwa nusu sikio, kwani lugha yao na yetu ni ndugu.

Ng'ambo ya barabara ilipepea bendera ya nchi, yenye hilali, nyota nne na milia minne: njano ya Mwali, nyeupe ya Maore, nyekundu ya Nzwani na buluu ya Ngazija. Wimbo wao wa taifa waitwa *Udzima wa ya Masiwa*, yaani umoja wa visiwa. Lakini sikio la Mswahili halikosi kusikia humo neno letu, uzima. Nikamwuliza mama mkwe wa mwenyeji wangu, bibi wa makamo ya miaka themanini, kama visiwa hivyo ni vizima.

Alikaa kimya kidogo, kisha akasema, "Fundi, mimi nina dada aliyezikwa Maore. Kaburi lake sijalizuru."

Ili tulielewe jibu hilo, yatupasa kurudi nyuma. Mwaka 1841 Andriantsoly, mtawala wa Kisakalava aliyekimbia Madagaska na kujipatia enzi Maore, alikitoa kisiwa hicho kwa Ufaransa. Huko Mwali alitawala Malkia Jumbe Fatima, aliyerithi enzi mwaka 1842 angali mtoto. Naye mwaka 1865 alimpa Mfaransa Joseph Lambert haki juu ya ardhi ya kisiwa. Ngazija nako masultani walikuwa wakipigana wenyewe kwa wenyewe, na Sultani Saidi Ali, akitafuta nguvu za kuwashinda ndugu zake, mwaka 1885 alitia sahihi mkataba na Léon Humblot, uliompa Mfaransa huyo ardhi kubwa ya mashamba. Wahenga husema mgeni njoo, mwenyeji apone. Mgeni huyu alikuja, na mwenyeji akaugua. Mwaka 1886 visiwa vyote vitatu vilivyosalia viliwekwa chini ya himaya ya Ufaransa, na mwaka 1893 Saidi Ali mwenyewe alihamishwa kwa nguvu. Kufikia mwaka 1914 Komori ilikuwa ikitawaliwa kutoka Madagaska, kama chumba cha uani cha nyumba ya mtu mwingine.

Vita vya Pili vya Dunia viliwafikia pia. Mwaka 1942 Waingereza waliishambulia Madagaska, na katika kampeni hiyo walikuwamo askari wa Kiafrika kutoka upande wetu huu. Maore nayo ikatekwa mwezi wa Julai. Vita vilipokwisha, visiwa vilitengwa na Madagaska mwaka 1946, lakini bendera ilikuwa ni ile ile ya Ufaransa. Madai ya uhuru yalipata makao nje ya nchi: chama cha MOLINACO kilifanya kazi yake Dar es Salaam, miongoni mwa Wangazija wa huko.

Hapa ndipo kilipo kisa ambacho wanawake wetu wapaswa kukijua. Makao ya serikali yalikuwa Dzaoudzi, katika Maore. Mwaka 1958 baraza la visiwa liliamua kuyahamishia Moroni, na katika miaka ya sitini uhamisho ukatimizwa. Afisi ziliondoka, na kazi zikaondoka pamoja nazo. Wanaume waliifuata mishahara, na wanawake wakabaki na nyumba zao, watoto wao na soko lisilo wanunuzi. Walipoona malalamiko yao hayasikizwi, walibuni silaha isiyo panga wala bunduki. Wakiongozwa na akina Zéna M'Déré, walikuwa wakiwazingira viongozi waliotoka Moroni na kuwatekenya mpaka wakimbie kwa aibu. Watu walicheka. Lakini nyuma ya kicheko hicho palikuwa na ghadhabu, na ghadhabu hiyo ikapata mkono wa kuipokea, nao ni mkono wa Ufaransa.

Tarehe 22 Desemba 1974 wananchi waliulizwa kama wanataka uhuru. Katika visiwa vyote kwa pamoja, takriban asilimia 95 walikubali. Katika Maore peke yake, karibu thuluthi mbili walikataa. Ufaransa, iliyokuwa imeitawala nchi hiyo kama nchi moja, sasa ikataka hesabu ifanywe kisiwa kwa kisiwa. Ahmed Abdallah hakungoja. Tarehe 6 Julai 1975 alitangaza uhuru. Haukutimia mwezi mmoja, serikali yake ikapinduliwa. Novemba mwaka huo huo Umoja wa Mataifa ukaipokea Komori kuwa mwanachama, na ukaihesabu kuwa ni visiwa vinne. Lakini Februari 1976 Maore ilipiga kura tena, na zaidi ya asilimia 99 wakachagua kubaki na Ufaransa. Miaka iliyofuata, mapinduzi na mamluki wa Bob Denard hawakuwapa watu wa Maore sababu ya kujuta.

Tangu mwaka 1995, Mngazija au Mnzwani atakaye kwenda Maore yampasa kuwa na viza. Kati ya Nzwani na Maore ni kama kilomita 70 tu. Wasioipata hupanda usiku mashua ndogo ziitwazo kwasa-kwasa, na maelfu wamezama humo: wajawazito wanaotafuta hospitali, watoto, vijana watafutao riziki. Bahari iliyokuwa njia ya ndugu imekuwa kaburi lao.

Nilidhani bibi yule angewalaumu Wafaransa peke yao. Aliwalaumu, naam. Kisha akasema, "Dada yangu aliolewa huko. Aliniletea habari kuwa wanawake wa Maore walia, kazi zimekwenda na waume wamekwenda. Sisi hapa tulikuwa tukicheka habari za kutekenya. Hakuna aliyetoka hapa kwenda kuwauliza, mnalilia nini?"

Maneno hayo nimerudi nayo, na sijapata safarini mzigo mzito kuliko huo. Udhalimu wa mkoloni haupunguki kwa kosa letu. Aliyegawanya nchi ya watu atajibu mbele ya Mola wake. Lakini kikulacho ki nguoni mwako. Kwa Saidi Ali mgeni aliingia kupitia ugomvi wa ndugu, na Maore alipata kubaki kwa sababu ya kilio cha ndugu kilichodharauliwa. Udugu wa damu, lugha na dini haukutosha kuwashika pamoja watu ambao mmoja wao alijiona ameonewa. Umoja hudumu kwa uadilifu, na uadilifu huanza kwa kumsikiliza aliye dhaifu kabla hajaenda kumlilia mgeni.

Basi tuyatazame na majumbani mwetu. Yuko dada aliyenyimwa haki yake ya mirathi na akaambiwa anyamaze kwa ajili ya heshima ya ukoo. Yuko mjane ambaye malalamiko yake yamekuwa kichekesho cha barazani. Tumuulize leo, angali jirani, analilia nini.

Siku ya kuondoka, bibi alinisindikiza hadi mlangoni, akaniomba nimsomee dada yake Fatiha. Tuliisoma sote wawili, tumeielekea bahari iliko Maore. Mwenyezi Mungu awarehemu waliozama, awakutanishe waliotenganishwa, na avipe visiwa vile uzima wake. Amin.