Learie Constantine, Mdakaji wa Trinidad

Katika mchezo wa kriketi iko kazi moja isiyompatia mtu hesabu yake katika daftari. Mpigaji huandikiwa mbio zake moja moja, na mrushaji huandikiwa kila mpigaji aliyemtoa. Lakini yule asimamaye juani tangu asubuhi, akiukimbilia mpira na kuuzuia usifike mpakani, hana safu yake. Akiwanyima adui mbio arobaini kwa siku moja, daftari halisemi neno. Naona vyema kuwaeleza wasomaji habari za mtu aliyeifanya kazi hiyo kwa ustadi hata watu wakalipa kiingilio kuja kuitazama.

Learie Constantine alizaliwa mwaka 1901 katika kisiwa cha Trinidad, naye alikuwa wa kizazi cha Waafrika waliopelekwa huko utumwani. Baba yake, Lebrun, alikuwa msimamizi katika shamba la kakao, na pia mchezaji hodari aliyekwenda Uingereza na timu ya West Indies mwaka 1900. Nyumbani kwao mchezo haukuwa wa wanaume peke yao. Baba, mama, watoto na mjomba wote walifanya mazoezi pamoja uani, na mama mwenyewe aliweza kusimama nyuma ya vijiti na kudaka. Mtoto aliyelelewa hivyo hakuona haya kuinama kuokota mpira.

Alipotoka shule akawa karani katika ofisi ya wanasheria mjini Port of Spain. Baba yake alitaka apate kazi ya kumlisha kwanza, ndipo acheze mashindano makubwa. Lakini siku zile mtu mweusi wa Trinidad, hata awe na akili namna gani, aliona mlango wa cheo umefungwa mbele yake. Akatambua ya kuwa mpira ndio utakaomtoa hapo.

Mwaka 1923 alikwenda Uingereza na timu yake. Kupiga kwake na kurusha kwake kulikuwa bado, ila udakaji wake uliwashangaza wenyeji. Alikuwa akiutazama mwili wa mpigaji, na mpira ukipigwa yeye alikwisha kuanza kwenda. Wapigaji waliojua kwamba yupo upande fulani waliogopa kukimbia. Hofu hiyo nayo haiandikwi.

Mwaka 1928 akarudi akiwa amekamilika. Mwezi wa Juni, katika kiwanja cha Lord's, London, timu yake ilikuwa karibu kushindwa na Middlesex. Constantine akapiga mbio 86 kwa muda usiotimia saa moja, kisha akawatoa wapigaji 7, kisha akapiga mbio 103, nao wakashinda. Tangu mwaka 1929 mpaka 1937 aliajiriwa na mji mdogo wa Nelson, huko Lancashire, na katika misimu hiyo 9 mji huo ulitwaa ubingwa wa ligi yao mara 7. Katika michezo yake 18 ya kimataifa, daftari linamhesabia mipira 28 aliyoidaka. Ile aliyoizuia tu, hakuna aijuaye idadi yake.

Mimi ni karani wa serikali, na habari hii imenigusa kwa sababu kazi yetu nyingi ni ya namna hiyo. Barua iliyosahihishwa kabla haijatoka haimletei mtu sifa, kwa kuwa kosa lake halikuonekana. Mkulima naye aliyechimba mtaro kabla ya masika hasifiwi kwa udongo ambao haukuchukuliwa na maji. Wakubwa huona lililofanyika, lililozuiwa hawalioni. Nimewasikia vijana wakiuliza, basi kuna faida gani kujitaabisha? Swali lao si la kipumbavu.

Tena iko hatari nyingine. Mtu afanyaye kazi isiyoandikwa huweza kudhaniwa kuwa hastahili kitu. Constantine hakukubali jambo hilo. Mwaka 1943, wakati wa vita, alikuwa mtumishi wa Wizara ya Kazi ya Uingereza, akiwaangalia wafanya kazi waliotoka West Indies. Alipokwenda London kucheza, aliweka nafasi ya siku nne katika Imperial Hotel, yeye na mkewe na binti yao, akalipa arubuni. Walipofika waliambiwa watalala usiku mmoja tu, kwani wageni Wamarekani wasingependa kukaa pamoja na watu weusi. Hakupiga kelele wala kupigana. Akaishtaki hoteli, na mwaka 1944 jaji akampa haki yake. Fidia ilikuwa paundi 5 na shilingi 5, fedha ndogo kabisa, lakini hukumu ilijulikana nchi nzima.

Aliendelea na masomo ya sheria hata akawa wakili mwaka 1954. Mwaka 1956 alichaguliwa katika baraza la Trinidad akawa waziri. Baadaye akawa balozi wa nchi yake huko London. Mwaka 1962 akapewa jina la Sir. Mwaka 1969 aliingia katika Baraza la Malordi la Uingereza, mtu mweusi wa kwanza kuketi humo. Alifariki mwaka 1971.

Ndugu msomaji, haba na haba hujaza kibaba, hata kama mwenye kibaba hatazami kinavyojaa. Kazi isiyoandikwa tuifanye kwa moyo wote, kwani bila hiyo timu hushindwa. Lakini siku tunaponyimwa stahili yetu, tusinyamaze kwa kudhani kwamba daftari halituhesabii kitu. Kijana asiyeonwa na mkubwa wake, akiuliza faida, na aambiwe habari za karani huyu wa Port of Spain.