Pikipiki ya Mjane



Sisi makatekista wa upande wa Kinsevere tumehubiri dhidi ya lutuku kwa miaka mingi. Tunaijua pombe hiyo inayochemshwa kwa mahindi na mihogo, iliyokatazwa tangu zamani za Wabelgiji na isiyokoma hata leo. Tumewazika vijana waliomaliza nguvu zao humo. Tumewafundisha watoto waliokuja darasani na njaa, kwa sababu baba alikuwa amekunywa posho. Kwa hiyo, tuliposikia kwamba pikipiki imekamatwa alfajiri katika njia ya Lubumbashi ikiwa na bidoni tatu za lutuku, tulifurahi. Tunaungama furaha hiyo.

Pikipiki haikuwa mali ya kijana aliyeiendesha. Ilikuwa ya mama mjane wa jumuiya yetu, aliyeinunua kwa faida ya makala, akamkabidhi kijana abebe abiria na kumletea fungu lake kila jioni. Fungu hilo ndilo lililokuwa unga wa watoto wanne. Lutuku ilimwagwa, kijana alilipa faini, akarudi kwao. Pikipiki ikabaki kifungoni. Mama alipotuomba tumsindikize kwenda kuidai, tulimjibu kwamba katekista hatetei chombo cha dhambi. Aliondoka bila neno.

Majuma mengi yakapita. Mmoja wetu akaiona katika ua, imelala mvuani, majani yameota kati ya magurudumu. Ndipo tulipokumbuka Kumbukumbu la Torati, sura ya 24, mahali Musa anapokataza kuchukua rehani jiwe la kusagia, kwa kuwa kufanya hivyo ni kuuchukua uhai wa mtu. Somo hilo tulilifundisha mara ngapi, bila kudhani kwamba jiwe la kusagia laweza kuwa na magurudumu mawili!

Tulimwendea mwanasheria mmoja wa parokia. Alitueleza kwamba kanuni ya adhabu ya Kongo, ya tarehe 30 Januari 1940, hairuhusu kutaifisha chombo kilichotumika katika kosa isipokuwa ni mali ya yule aliyehukumiwa. Akaongeza kwamba nchi nyingine nazo zimelikuta jambo hili. Huko India, jimbo la Bihar lilipiga marufuku pombe zote mwezi wa Aprili 2016, na sheria yake ikaruhusu kutaifisha gari lililobeba pombe. Mashauri ya wenye magari yakamiminika katika Mahakama Kuu ya Patna, na mara nyingi mahakama hiyo iliagiza magari yarudishwe. Mwaka 2022 sheria ilirekebishwa, mwenye gari aweze kulipa faini na kulipata. Lakini tangu mwaka 2002, katika shauri la Sunderbhai Ambalal Desai, Mahakama ya Juu ya nchi hiyo ilikuwa imekwisha kusema kwamba haina faida kuacha magari yaharibike katika vituo vya polisi: hakimu ayapige picha, achukue dhamana, kisha ayarudishe upesi huku kesi ikiendelea.

Maneno hayo yalituchoma. Chombo kikioza kabla ya hukumu, adhabu imekwisha kutolewa pasipo hakimu, na mara nyingi humwangukia asiyekosa.

Tulikwenda kwa mama, tukamwomba msamaha, kisha tukafuatana naye mbele ya hakimu pamoja na hati ya ununuzi. Pikipiki ilirudishwa. Betri haikuwamo tena, na mnyororo ulikuwa umeliwa na kutu. Tulichangishana kuitengeneza, haukuwa ukarimu, lilikuwa deni. Mtoto wake mkubwa, aliyeacha shule katika miezi ile, hajarudi darasani mpaka leo. Deni hilo hatujui tutalilipaje.

Lutuku tungali tunaikemea, wala hatutaacha. Ila sasa, tunaposikia kwamba chombo kimekamatwa njiani, kabla ya kushangilia tunauliza kwanza: ni cha nani, na nani anakula kwa hicho?