Mwenye Shimo wa Njia ya Bwera

Atokaye Kasese kwenda Bwera huiacha milima ya Rwenzori mkono wa kuume, akafika Kikorongo, akageuka magharibi kuuelekea mpaka wa Kongo. Wageni hutazama juu vileleni. Mwenyeji wangu wa Bwera alinionyesha chini: shimo lenye utando mdomoni, nyumba ya tarantula, buibui mkubwa mwenye manyoya.

Mwili wake ni vipande viwili, wenye miguu minane na macho manane madogo yaliyosongamana. Haoni vizuri, hutambua windo kwa manyoya yanayohisi mtikisiko. Meno yake ya sumu huelekea chini kama majembe mawili. Jamaa yake wa Kenya na Tanzania, mwenye rangi ya kutu, aweza kufikia sentimita 20 miguu ikinyooshwa.

Tarantula wengi wa Amerika hurusha manyoya yawashayo. Wa Afrika hawana silaha hiyo. Akisumbuliwa huinua miguu ya mbele, na wengine hufoka. Hilo ni onyo, kwani akiuma maumivu ni makali.

Basi, ndugu askari, kung'uta viatu kabla ya kuvaa. Nawe mama, wakataze watoto kuchokoa mashimo. Wala msimwue bure: chakula chake ni wadudu, naye hamfuati mtu.