Lupita na Kopo la Mkorogo

Mwezi huu nakuletea habari za mcheza filamu Lupita Nyong'o, na sababu yenyewe ni kopo la mkorogo nililoliona Sigino, pale Babati.

Nilikwenda kwenye vikao vya harusi ya mdogo wangu, mtoto wa mama mdogo. Zilikuwa zimebaki wiki sita. Ni binti mweusi wa kung'aa, mwenye kicheko cha kuamsha mtaa mzima. Mezani kwake nikakuta kopo jipya lisilo na lebo.

"Dada, nataka siku ya sendofu nitoke mweupe kidogo. Mashosti wanasema kwenye picha sitaonekana."

Na mchumba anasemaje?

"Hajasema kitu."

Nikavuta kiti, nikamsimulia habari za Lupita.

Wengi tunamjua kwa ile Oscar ya Machi 2, 2014, aliyoipata kwa kuigiza kama Patsey, mtumwa katika filamu ya 12 Years a Slave. Tukiona gauni na zulia jekundu tunadhani mambo yalikuwa mteremko. Thubutu! Alizaliwa Mexico mwaka 1983, wazazi wake wakiwa Wakenya, akakulia Kenya. Akiwa na miaka 14 alicheza nafasi ya Juliet jukwaani Nairobi. Baadaye akafanya kazi nyuma ya kamera, mmoja wa wasaidizi katika The Constant Gardener ya mwaka 2005, iliyoongozwa na Mbrazil Fernando Meirelles. Mwaka 2009 akatoa filamu yake mwenyewe, In My Genes, kuhusu maisha ya Wakenya wenye ualbino. Kisha akarudi darasani, chuo kikuu cha Yale, akahitimu uigizaji mwaka 2012.

Lakini kilichomgusa mdogo wangu si Oscar. Februari 2014, kwenye hafla ya jarida la Essence, Lupita alieleza kwamba utotoni alimwomba Mungu amwamshe akiwa mweupe. Akaahidi hata kuacha kudokoa sukari usiku. Kila asubuhi alikimbilia kioo, na rangi ni ile ile. Mama yake alikuwa akimwambia ni mzuri, ila ya mama unayachukulia ni ya mama tu. Moyo ulianza kutulia alipomwona Alek Wek, mwanamitindo mweusi tii kutoka Sudan Kusini, akisifiwa dunia nzima. Siku hiyo hiyo alisoma barua ya msichana aliyekuwa karibu kununua krimu ya kujichubua, akaghairi baada ya kumwona yeye. Mwaka 2019 akaandikia watoto kitabu, Sulwe, yaani nyota kwa Kijaluo, kuhusu binti mweusi kama yeye.

Mdogo wangu akanyamaza. Nikamkumbusha pia kwamba vipodozi vyenye zebaki na haidrokwinoni vimepigwa marufuku nchini, na kwamba zebaki huharibu figo. Kopo lisilo na lebo, nani ajuaye kilichomo?

Jioni mchumba alipokuja, nikamuuliza mbele yake: "Wewe unamtaka mweupe?"

Kijana wa watu akashtuka. "Shemeji, mimi nimempenda hivi hivi alivyo. Nilidhani anajua."

Nilidhani anajua! Wanaume wangapi wamejificha nyuma ya maneno hayo? Bibie akaanza kulia. Kopo hakulitupa, lakini mpaka naondoka Sigino lilikuwa halijafunguliwa.

Basi kaka zangu, kazi hii msiwaachie akina Lupita. Kama weusi wa mwenzako ndio uliokuvuta, mwambie, tena kwa sauti, na mbele za mashosti zake. Nanyi akina dada, kabla hamjajipaka sumu kwa ajili ya mtu, muulizeni kwanza kama aliomba. Jibu laweza kukushangaza.